Saa 11 na Pete Moja: toleo refu la The Lord of the Rings

Kazi yangu ni kuhariri video za harusi. Naletewa saa sita za picha, natakiwa nirudishe dakika arobaini, na kila ndugu wa bwana harusi anataka aonekane akicheza. Kwa hiyo nikisikia filamu imeongezewa karibu saa nzima baada ya kutoka sinema, cha kwanza kunijia ni kwamba kuna mhariri mwenzangu alishindwa kumwambia mwongozaji "hapana". Na hiyo ndiyo roho niliyoanza nayo.

Seti yenyewe ni ya filamu tatu za The Lord of the Rings katika toleo refu, ile ya Blu-ray ya mwaka 2011, diski 15. Sita ni za filamu, kila filamu diski mbili, na tisa zilizobaki ni DVD zinazoonyesha kazi ilivyofanyika. Sinema, mwaka 2001, 2002 na 2003, filamu hizi zilikuwa na dakika 178, 179 na 201. Humu zimefika 228, 235 na 263. Tusidanganyane lakini: sehemu ya nyongeza hiyo ni majina ya wanachama wa klabu ya mashabiki, yanapita mwishoni mpaka usingizi unakuchukua. Ukiyaruka, bado una zaidi ya saa 11 za kukaa kitako.

Nilikaa nazo usiku tatu na mtoto wa kaka yangu, ana miaka kumi na minne. Yeye alikuja na karatasi. Alikuwa amesoma mahali kuhusu "safari ya shujaa", ile nadharia ya Joseph Campbell ya mwaka 1949 kwamba hadithi za mashujaa wa dunia nzima zina mifupa ileile: mtu anaitwa, anaondoka kwao, anateswa, anashinda, anarudi na dawa ya kuwaponya wenzake. Christopher Vogler aliifupisha ikawa hatua 12 kwa ajili ya waandishi wa filamu, na kijana wangu alizipanga zote 12 kwa kalamu nyekundu, tayari kuzitia tiki. Nikamwambia, haya, tuone.

Usiku wa kwanza tiki zilimiminika. Kijiji kimetulia, tiki. Gandalf, mchawi mzee, anafika na habari za Pete, ile ambayo Sauron, bwana wa giza, anaitafuta na ambayo lazima itupwe kwenye moto wa mlima, tiki. Frodo, mmoja wa hobiti, watu wafupi wa kijiji hicho, anajaribu kumsukumia mzee wa watu hiyo Pete aichukue yeye, tiki ya kukataa mwito. Halafu rafiki yake Sam anasimama katikati ya shamba la mahindi, sanamu ya kufukuzia ndege imesimama pembeni, anasema akipiga hatua moja zaidi atakuwa amefika mbali na kwao kuliko alivyowahi kufika. Vogler anasema "kuvuka kizingiti", na wengi wangekupigia mlango mkubwa, radi na ngoma. Mwongozaji Peter Jackson amekupa mkulima wa bustani anayekitazama kiatu ambacho hata hajakivaa, maana hawa watu wanatembea peku. Niliirudia shoti hiyo mara mbili. Kijana alilalamika.

Sasa nyongeza. Nilizitafuta kwa jicho la mtu anayetaka kukata, na nyingine zilinishinda. Gimli, yule kibeti mwenye shoka, ambaye watu wake na wale wa Galadriel, malkia wa msituni, hawapikiki chungu kimoja, anamwomba bibi huyo unywele mmoja tu wa kichwa chake. Baadaye kwenye mtumbwi anamsimulia mwenzake wa safari, Legolas, kwamba amepewa tatu. Ni sekunde chache, lakini ukiziondoa unabaki na Gimli wa kuchekesha tu, na ndiye waliyempata watu wa sinema. Kwenye filamu ya pili kuna kumbukumbu ya Boromir, yule aliyetaka kumnyang'anya Frodo Pete, akiwa na mdogo wake Faramir, wamefurahi, mpaka baba yao anapotokea, anamdhalilisha mdogo mbele ya mkubwa, kisha anamtuma mkubwa akalete Pete. Boromir hataki kwenda. Kumbe yule tuliyemlaani filamu nzima ya kwanza alitumwa! Tukio hilo lingekuwa langu, ningemfukuza aliyelikata.

Na Saruman, mchawi aliyegeuka msaliti. Sinema alipotea tu. Adui wa filamu mbili, tena ameigizwa na Christopher Lee, halafu ya tatu inaanza wanasema yuko mnarani, basi. Hapa angalau anakufa, na anakufa kwa mkono wa mtumishi aliyezoea kupigwa naye. Deni limelipwa.

Zipo na za kutupa. Mashindano ya kunywa ya Gimli na Legolas ni sawasawa na ile klipu ya mjomba wa bibi harusi aliyeshika maiki: waliokuwepo walicheka, sisi wengine tunasubiri iishe. Lakini kilichoniudhi kweli ni kwenye Lango Jeusi la nchi ya Sauron. Mjumbe wa Sauron anatoka kuzungumza, mdomo mkubwa kuliko uso, ameishika deraya ya Frodo ili wadhani amekufa. Inatisha vizuri sana. Kisha Aragorn, mfalme mtarajiwa, anamsogelea na farasi na kumkata kichwa. Mjumbe hauawi! Saa kumi tumejengewa mtu anayestahili taji, halafu anafanya jambo ambalo hata majambazi wana aibu nalo. Toleo la sinema halina tukio hili, na mhariri wake alijua anachofanya.

Nikimtaja mhariri, filamu tatu hizi zilipigwa picha kwa pamoja New Zealand, kuanzia Oktoba 1999 hadi Desemba 2000, lakini kila moja ilikuwa na mhariri wake: John Gilbert, Michael Horton, Jamie Selkirk. Ukishajua hilo unaanza kusikia mapigo tofauti. Ya kwanza inatembea, ya pili inarukaruka kati ya makundi matatu, ya tatu inaning'inia kwenye kila uso. Selkirk alipata Oscar yake, moja kati ya 11 ambazo filamu ya tatu iliwania na kuzichukua zote. DVD za nyuma ya pazia peke yake zinatosha kununulia seti. Kuna meza ya chai ya Frodo na Gandalf iliyokatwa vipande viwili, kimoja karibu na kamera na kingine mbali, na vinasogezwa kamera inapotembea ili mmoja abaki mdogo na mwingine mkubwa. Huwezi kuona mkato. Miye nimejaribu kuutafuta.

Usiku wa tatu, mlimani. Frodo yuko ukingoni, moto chini, Sam anapiga kelele aitupe. Karatasi ya kijana ilibaki na hatua tatu na kalamu ilikuwa hewani. Frodo anageuka. Macho si yake tena. Anasema Pete ni yake, anakata mkufu, anaivaa.

"Shangazi, hapa niweke tiki wapi?"

Sikuwa na jibu, maana shujaa ameshindwa. Hakuzidiwa nguvu na mtu. Amefika, mkono ameunyoosha, na amekataa. Pete inaangamia kwa sababu Gollum, kiumbe aliyeipoteza Pete zamani na kuwafuata njia nzima, anamng'ata kidole, wanapigania, na Gollum anaanguka nayo. Na Gollum yuko pale kwa sababu Bilbo, mzee aliyemwachia Frodo Pete, alimwonea huruma zamani, na Frodo naye akamwonea. Gandalf alilisema kule Moria, mapangoni chini ya milima, filamu mbili nyuma, gizani, kwa sauti ya mtu anayepoteza muda. Uzi wa saa tisa hivi umeshikwa mwisho wake hapo. Ndiyo maana urefu sikuuona tena kama kosa: lazima uwe umechoka na Gollum, umemchukia, umetaka afe, ndipo lile tukio likuume.

Watu hulalamika kwamba filamu ya tatu haijui kuisha. Kijana naye alianza, "Mbona haiishi?" Hobiti wanne wamerudi kwao, wamekaa baa, vikombe mkononi. Nyuma yao mtu anapita na boga kubwa ajabu, na baa nzima inalishangaa boga. Hakuna anayewauliza walikuwa wapi. Wanatazamana, wanagonga vikombe kimya kimya. Sam anamaliza chake, anavuta pumzi, anainuka kwenda kwa Rosie. Frodo hainuki. Bega lililochomwa kisu bado linamuuma, na mwishowe anapanda merikebu. Kijana alitia tiki kwenye "kurudi na dawa", akaifuta, akaandika pembeni: Sam.

Kama hujawahi kuziona, anza na matoleo ya sinema, kisha uje huku. Filamu tatu za The Hobbit zilizofuata mwaka 2012 hadi 2014 azima kwa mtu. Kitabu kimoja chembamba kimevutwa kama mkanda wa harusi ambao familia imelipia kwa saa. Na kwenye diski za filamu ya kwanza ya seti hii usishangae ukiona ukijani kidogo kwenye picha, televisheni yako haijaharibika.

Nyota nne na nusu. Hiyo nusu nimekata kwa ajili ya mjumbe.