Nilinunua juzuu sita za Churchill, nikapata tano

Mzigo uliletwa na bodaboda Jumamosi alasiri, umetiwa kwenye gunia la sukari na kufungwa kamba ya katani. Kijana akautua barazani, akajipangusa jasho, akaniuliza, "Ami, hivi ni vitabu au ni matofali?" Nikamwambia ni Vita vya Pili vya Dunia. Akacheka, akadai mia mbili yake.

Nilikuwa nimevisaka kwa muda mrefu. Ni historia ya vita aliyoiandika Winston Churchill mwenyewe, waziri mkuu wa Uingereza wakati wa vita hivyo, juzuu sita, ya kwanza ikatoka 1948, miaka mitatu tu baada ya bunduki kunyamaza. Muuzaji ni wa vitabu vya mitumba, simtaji. Alinitumia picha, tukapatana 4,500, nikamlipa kwa M-Pesa. Nafungua gunia: ya kwanza, ya pili, ya tatu, ya nne, ya tatu tena, ya sita. Ya tano hamna. Kumpigia, ananijibu, "Mzee wangu, si ni sita hizo?" Kuhesabu anajua.

Majalada yalikuwa mazima, lakini vitabu vilikaa mahali penye unyevu. Kurasa zimegeuka rangi ya chai ya mkandaa na harufu ni ya stoo isiyofunguliwa. Mke wangu alivianika uani kivulini siku mbili, kisha akavitia sandukuni pamoja na karafuu, na sasa vinasomeka bila kupiga chafya. Juzuu ya pili ina tundu la mdudu lililoanza jaladani likapita moja kwa moja mpaka Ufaransa inaanguka.

Niseme mapema kwamba Kiingereza chake ni kirefu kama hotuba ya Ijumaa. Nilijaribu kusoma kwenye feri ya Likoni nikashindwa. Sentensi moja inaanza Likoni, kitenzi unakikuta upande wa pili. Nyumbani usiku, feni ikizunguka, inakwenda vizuri.

Sasa yaliyomo. Mimi kazi yangu ni kutoa mizigo bandarini, mwaka wa ishirini na sita huu hapa Kilindini, kwa hiyo maisha yangu ni makaratasi. Nilianzia nyuma ya kitabu, kwenye viambatisho, ambako Churchill amechapisha telegramu na maagizo aliyoyatoa akiwa waziri mkuu. Hapo ndipo penye utamu. Leo anamwandikia jenerali habari za jeshi zima, kesho anamhoji waziri juu ya mgao wa chakula, na kila mmoja anatakiwa ajibu upesi.

Lakini majibu yako wapi? Nilisoma kurasa nyingi kabla ya kugundua kinachonikera. Ni faili lenye barua zinazotoka peke yake. Anayefanya kazi yangu anajua faili la namna hiyo halina maana: umeandika mara kumi kuulizia kontena, sawa, lakini waliokujibu walisema nini? Pengine walikwambia hati zako ndizo zilizokosewa. Mawaziri na majenerali wa Churchill kwa sehemu kubwa wananyamaza, yeye anauliza, ukurasa unaisha, na msomaji anabaki na picha ya mtu mmoja aliyeona kila kitu kabla ya wenzake. Mwamba ngoma huvutia kwake, na huyu aliamba ngoma mwaka 1948 akiwa kiongozi wa upinzani anayetaka kurudi madarakani. Alirudi kweli, 1951.

Kwa wakubwa wenziwe mambo ni tofauti. Roosevelt wa Marekani na Stalin wa Urusi anawaacha waseme, na juzuu ya nne kwa sababu hiyo ndiyo ninayoipenda kupita zote. Julai 1942 msafara wa meli ulioitwa PQ17 ulikuwa njiani kwenda Urusi. London ikaamuru meli zitawanyike, Wajerumani wakaziwinda moja moja, na za mizigo 24 zikazama. Vifaru 430, ndege 210, magari zaidi ya 3,000. Niliusoma mstari huo mara mbili. Mimi meli moja ikichelewa wiki silali. Churchill akamwandikia Stalin kwamba misafara inasimama kwanza, na jibu la Stalin ni kali, halina hata kona ya adabu: sababu zenu haziridhishi, na hilo suala la kufungua uwanja wa pili wa vita huku magharibi hamlishughulikii inavyostahili.

Basi Agosti ikabidi mzee apande ndege mwenyewe hadi Moscow, kumwambia mwenzake uso kwa uso kwamba mwaka huo hakuna jeshi litakaloteremshwa Ufaransa. Alipoona mazungumzo yamekuwa mazito akachora mamba kwenye karatasi, ndiye Mjerumani huyo, akamweleza kuwa watalipiga tumbo laini kule Mediterania badala ya pua ngumu. Uwanja wenyewe ulifunguliwa Juni 1944. Anayetaka barua zote za watu hawa, Warusi walichapisha mkusanyo wao 1957, upo kwenye intaneti, na ni mzuri kuuweka ubavuni.

Juzuu ya sita ina karatasi nyingine. Oktoba 1944, Moscow tena, usiku. Churchill anaandika kwenye kipande cha karatasi nani awe na sauti kiasi gani katika kila nchi: Romania asilimia 90 yenu, Ugiriki 90 yetu, Yugoslavia nusu kwa nusu, Hungary vivyo hivyo, Bulgaria 75 yenu. Anamsukumia Stalin, Stalin anapiga alama kwa penseli ya buluu. Churchill anaona haya kidogo, anapendekeza ichomwe moto; Stalin anamwambia aiweke tu. Sisi wa pwani hatuhitaji maelezo marefu hapo. Mwaka 1886 Waingereza na Wajerumani walimpimia Sultan wa Zanzibar maili kumi kutoka ufuoni, na waliokuwa wakikaa ndani ya maili hizo hawakuulizwa.

Kilichonisikitisha ni yale yaliyopita hapa kwetu. Wajapani waliposhambulia Colombo Aprili 1942, meli za kivita za Waingereza zilihamia Kilindini, na skuli ya Allidina Visram ikatwaliwa, wakawekwa humo wataalamu wa kufumbua maandishi ya siri ya Wajapani. Kazi hiyo hutaikuta kwenye juzuu hizi. Si kwamba alisahau. Siri ya ufumbuzi ilifungwa mpaka miaka ya sabini, na hata yeye hakuruhusiwa kuigusa. Ina maana katika maamuzi yake mengi, ile hati iliyomfanya aamue haimo.

Kama unatafuta kitabu kimoja cha kuielewa vita, hiki sicho, utachoka. Ukipenda kuwaona viongozi wakivutana kwa barua, 4,500 si ghali, ila mwambie muuzaji akupige picha ya migongo ya vitabu ili usome namba kabla hujatuma hela.

Muuzaji amekubali kuichukua ile juzuu ya tatu iliyozidi nikimpelekea mwenyewe, lakini ya tano hana na pesa harudishi. Kwa hiyo bado niko nayo. Mwenye ya tano mbili, hii ya tatu yangu haina tundu hata moja, tubadilishane.