Baiskeli, boti na mkeka: vijiji vya mafundi wa Hoi An nimevizunguka mara mbili

Sikieni hii kwanza kabla hata sijawasalimia. Mmeisikia? Hiyo ni filimbi, udongo mtupu, imefinyangwa umbo la jogoo, wenyewe wanaiita to he. Nimeitoa Vietnam kwenye kijiji kinaitwa Thanh Ha, na bibi aliyenipa alikuwa na udongo mpaka kwenye viwiko, akaipuliza yeye kwanza kunionyesha, akacheka, ndo akanikabidhi.

Haya, hamjambo jamani, karibuni tena. Leo hakuna simu wala spika hapa mezani. Leo nachambua safari ya siku moja, ile ambayo ukishafika tu Hoi An kila hoteli na kila duka la pembeni wanakuuzia, baiskeli na boti kwenda vijiji vya mafundi, na wengi wenu mmeniuliza kwenye komenti kama ina thamani ya hela yake. Nimeifanya mara mbili, mara ya kwanza kwa kifurushi cha kundi, mara ya pili mwenyewe na baiskeli ya kukodi, na nawaambia hizo ni bidhaa mbili tofauti kabisa hata kama barabara ni ileile.

Kwa asiyeijua, Hoi An ni mji mdogo wa zamani wa bandari, katikati ya Vietnam, karibu na mto Thu Bon unapoingia baharini. UNESCO waliuweka kwenye urithi wa dunia 1999, na toka Julai 2025 kiutawala umeingizwa kwenye jiji la Da Nang, ambako ndiko unakoshukia na ndege, halafu kama kilometa 30 hivi kwa gari. Sisi huku Tanzania, Vietnam tunaijua kwa Halotel, ile kampuni ya simu ya Wavietnam, na kwa korosho, maana korosho ghafi zetu za Mtwara nyingi zinaenda kubanguliwa kule, ila mafundi wake tunawasikia kwa nadra sana na mimi hilo ndo lilinipeleka.

Sasa kitu ambacho kile kifurushi cha kwanza hakikuniambia, na ningekijua mapema ningeangalia kila kitu kwa jicho lingine, ni kwamba ule mji umejengwa na hivi vijiji. Yaani ukisimama pale mjini ukatazama juu, vigae vya paa vile vya kulaliana, hivyo ni udongo wa Thanh Ha. Nguzo na milango iliyochongwa, hiyo ni mikono ya maseremala wa Kim Bong ng'ambo ya mto. Majani mabichi kwenye bakuli lako la tambi yametoka Tra Que. Na vyote vilikuwa vinakuja kwa maji, mto ndo ulikuwa barabara yao. Kwa hiyo boti kwenye hii safari siyo pambo la watalii, ndo njia yenyewe, na mtu akikuuzia safari ya vijiji bila boti kakuuzia nusu.

Kifurushi cha kwanza. Tulikuwa watu kumi na nne, vijiji vinne kwa nusu siku, hebu fanyeni hesabu wenyewe. Kampuni siitaji. Mwongozaji wetu alikuwa kijana mzuri tu, anaongea vizuri, lakini muda wote anaangalia saa, tunafika mahali, dakika ishirini, picha, panda baiskeli, twende. Na baiskeli yangu siti ilikuwa inashuka yenyewe kila baada ya kilometa, napedali magoti yanagonga usukani, nikamwambia akasema tutarekebisha tukifika, tukafika, hatukurekebisha. Hapo naona ni uzembe, kwa sababu mtu kalipa na bado kuna jua.

Kilichoniuma zaidi ni pale Cam Thanh, kwenye ule msitu wa minazi ya maji. Msiuchanganye na minazi yetu, ni mimea mifupi ya jamii ya minazi na michikichi inayoota kwenye matope ya maji ya chumvichumvi, ukiingia ndani ni kama uko kwenye mikoko ya Pangani, vichochoro vya maji, kivuli, kaa wadogo. Wakati wa vita na Wafaransa, halafu na Wamarekani, wapiganaji walikuwa wanajificha humo. Na mnapanda thung chai, zile boti za duara kama ungo mkubwa, zimesukwa kwa mianzi halafu zinatiwa kalafati, yaani zinazibwa matundu maji yasiingie, kwa kinyesi cha ng'ombe na utomvu wa mti. Kusema ukweli niliposikia hilo nilisisimka, maana mtu wa pwani akisikia kalafati anajua ni elimu kubwa hiyo. Wenyewe wanasimulia kwamba enzi za Wafaransa boti zilikuwa na kodi, sasa wavuvi wakasema hii siyo boti, hiki ni kikapu. Lakini sisi hatukuonyeshwa hata mtu mmoja anayezisuka, tulipelekwa moja kwa moja sehemu yenye maspika makubwa, muziki juu kabisa, mtu anaizungusha boti kama pia watu wanapiga makelele, basi. Wazee wanaozungusha zile boti wana ustadi wa ajabu na wanatafuta riziki, siwalaumu hata kidogo. Waliopanga ratiba ndo nawalaumu. Kama unataka Cam Thanh nenda asubuhi saa kumi na mbili au saa moja, kabla mabasi hayajafika, utasikia maji tu.

Sasa mara ya pili. Siku mbili baadaye nikakodi baiskeli ya kawaida, haina gia, ina kikapu mbele, dong 40,000 kwa siku. Msiogope hizo sifuri, ondoa sifuri moja unapata kama shilingi ya Tanzania, kwa hiyo buku nne hivi. Na hiyo noti ya 20,000 mtakayoishika sana, iangalieni nyuma, lile daraja lililochorwa ni la hapohapo Hoi An, daraja la Wajapani. Ardhi yote ni tambarare, hakuna kilima hata cha dawa, kwa hiyo hata kama hujapanda baiskeli toka shule ya msingi utaweza. Adui ni jua tu, hasa Juni mpaka Agosti, saa nne uwe umeshamaliza nusu ya njia. Oktoba na Novemba usipange kabisa kwa sababu ni miezi ya mafuriko, mto unapanda mpaka ndani ya nyumba na kuna kuta mjini wameweka alama za maji yalipofika.

Nilianza na Thanh Ha, kama kilometa tatu tu magharibi ya mji, unafuata mto. Pale wanawake wanafanya kazi wawiliwawili. Mmoja amesimama, mguu mmoja chini, mguu mwingine unasukuma gurudumu, mwingine ameinama anafinyanga, na hawaongei, yaani yule wa mguu anajua lini apunguze mwendo kwa kuangalia tu vidole vya mwenzake. Nilikaa pale saa nzima. Mara ya kwanza nilipewa dakika ishirini na kati ya hizo kumi tulikuwa tunafinyanga sisi, vyungu vyetu vikapinda, tukapigwa picha. Ile saa nzima nikaona kwa mfano kwamba chungu hakikatwi kwa kisu, kinakatwa kwa uzi, na kwamba vyombo vyao havipakwi rangi wala kung'arishwa, ile nyekundu ni moto wa kuni peke yake. Nikawakumbuka akina mama wa Kikisi kule Ikombe, Ziwa Nyasa, wanaopakia vyungu kwenye mitumbwi kupeleka mnadani Matema, nikatamani wangekutana na hawa wa Thanh Ha hata siku moja, maana wangeelewana bila mkalimani.

Kutoka hapo nikarudi mtoni nikapata boti ya mbao ya injini, baiskeli inalazwa mbele, mnavuka kwenda Cam Kim. Kuna daraja pia siku hizi, ila vuka na boti walau mara moja. Cam Kim ni kisiwa, ukishuka tu makelele ya mji yanakatika, mashamba ya mpunga, bata, njia nyembamba za saruji, na Kim Bong iko hapohapo. Maseremala wa Kim Bong sifa yao ni ya karne nyingi, wanatajwa mpaka kwenye majumba ya wafalme kule Hue, mji mkuu wa zamani, na walikuwa wanaunda na vyombo vya baharini. Kwenye karakana za mbele mbele utakuta vinyago vya kuuzia wageni, pita, nenda ndani zaidi utafute wanaotengeneza milango na madirisha ya nyumba za kweli. Mimi nilimkuta mzee anachonga ua kwenye ubao kwa patasi nyembamba kama kalamu, mbele yake hakuna mchoro wowote.

Halafu sehemu ambayo kwangu mimi ndo ilikuwa safari yote. Ukivuka Cam Kim ukaendelea kusini na baiskeli unaingia Duy Vinh, na Duy Vinh wanafuma mikeka. Kwenye kifurushi cha kwanza hii haikuwemo, nadhani kwa sababu haipendezi kwenye picha, ni nyumba ya kawaida na wamama wawili sakafuni. Malighafi yao ni majani jamii ya mafunjo, yanaota kwenye maji, wanayakata, wanayachana, wanayachemsha kwenye rangi, nyekundu, njano, kijani, halafu yanaanikwa barabarani, unapita na baiskeli pembeni ni rangi tupu. Kitanda cha kufumia kiko chini kabisa karibu na sakafu, kimetandazwa nyuzi kama za magunia. Mmoja anakaa juu ya sehemu iliyokwisha kufumwa, ameshika ubao mzito, anaugeuza huku na huku. Mwingine yuko pembeni na fimbo ndefu, anachomeka jani moja kwenye ncha, anaipenyeza mpaka upande wa pili, anaivuta, na ubao unashuka pap! Jani jingine, pap! Haraka mno, jicho halifuati.

Mimi nimelelewa na bibi anayesuka mikeka ya ukindu, Pangani. Kwetu unachana miyaa, unasuka ukili mrefu, kidogokidogo huku unapiga soga, siku kadhaa, ndo unashona ukili kwa ukili mpaka mkeka unatokea. Kazi ya mtu mmoja na vidole vyake. Kule ni kazi ya wawili, mwenzako akiumwa mkeka hakuna. Nilijaribu kushika ile fimbo wakanipisha kwa furaha, jani likanikatikia mara tatu. Nikawaonyesha kwenye simu picha ya bibi na ukili wake, yule wa ubao akaishika simu akaivuta kubwa, akaangalia vidole vya bibi, akamwonyesha mwenzake, wakaongea wao kwa wao muda mrefu. Sikuelewa hata neno moja na sikutaka waache.

Nyumba ya tatu kutoka pale kulikuwa na mashine, nayo inafuma, na ndani kuna mtu mmoja anaiangalia. Na dukani kuna mikeka ya plastiki. Hiyo tunaijua hata huku. Kwa hiyo mkienda, mkeka nunueni hapohapo kwa aliyeufuma, msingoje mjini, na wala msibishane bei mpaka mama wa watu achoke.

Tra Que nitaisema kwa kifupi, iko kaskazini ya mji njia ya baharini, ni bustani za mboga na viungo, wanarutubisha udongo kwa magugu ya majini, na wanamwagilia kwa makopo mawili ya mzega, moja kila upande wa bega. 2024 shirika la utalii la Umoja wa Mataifa liliiweka kwenye vijiji bora vya utalii. Nzuri, safi, wageni wengi. Kula hapo. Kwa ndugu zangu Waislamu, cao lau, ile tambi maarufu ya Hoi An, kwa kawaida ina nguruwe, kwa hiyo tafuteni neno "chay", chakula kisicho na nyama, linatamkwa karibu kabisa na chai yetu, wakikuletea chai kweli rudia tena.

Viza inaombwa mtandaoni, dola 25 kuingia mara moja, mnakaa mpaka siku 90.

Alama basi. Kifurushi cha kundi, nne kwa kumi, na hizo nne ni za mwongozaji. Ya mwenyewe, baiskeli, boti, Thanh Ha, Cam Kim, Duy Vinh, siku nzima bila haraka, tisa.

Huu hapa ndo mkeka wenyewe, ona hizi kingo. Nilimpelekea bibi, huu naazima tu kwa ajili ya vidio. Alipoupokea hakuangalia maua, aliugeuza upande wa nyuma, akapitisha kidole kwenye nyuzi, kimya, halafu akaniuliza, "Yule wa pili, anakaa wapi?" Nikachukua mwiko nikakaa sakafuni nikamwonyesha.