Judi Dench kabla ya Bond: DVD ya Macbeth ya 1979

Habari zenu watazamaji wangu, karibuni tena. Leo sijaja na simu wala spika. Nimekuja na hii, ngoja niisogeze kwenye kamera muione vizuri: DVD ya Macbeth, tamthilia ya Shakespeare kuhusu mume na mke wanaomuua mfalme ili watawale, ile iliyorekodiwa na televisheni ya Thames ya Uingereza na kurushwa mwaka 1979. Macbeth ni Ian McKellen, na mkewe ni Judi Dench.

Wengi wenu mama huyu mnamjua kama M, bosi wa James Bond, kuanzia GoldenEye ya 1995 hadi Skyfall ya 2012. Filamu saba, na kazi nzuri kabisa. Lakini ndugu zangu, alipoingia kwenye Bond alikuwa na miaka 60, na jukwaani alishakaa karibu miaka 40! Alianza mwaka 1957 na kampuni ya maigizo ya Old Vic ya Uingereza, akacheza Ophelia kwenye Hamlet, na wahakiki hawakumpokea vizuri. Mwaka 1963 akazunguka Afrika Magharibi na kundi la maigizo kutoka Nottingham, Uingereza, na huko alimcheza huyu huyu Lady Macbeth. Kwa hiyo mnayemwona kwenye diski hii ni mtu aliyekaa na mwanamke huyu miaka mingi.

Sasa bidhaa yenyewe. Picha ni video ya zama hizo, ukitegemea ung'avu wa leo utavunjika moyo. Nyuma ya waigizaji ni giza tupu, hakuna kasri, hakuna farasi. Mwongozaji Trevor Nunn aliitengeneza mwaka 1976 kwa ajili ya The Other Place pale Stratford, Uingereza, ukumbi mdogo wa mabati, mtazamaji amekaa karibu kiasi cha kumsikia mwigizaji akihema. Kamera imeufuata ukaribu ule ule. Uso unajaa kioo kizima, mwigizaji hana pa kujificha.

Nendeni pale Lady Macbeth amekwisha kusoma barua ya mumewe, anawaita pepo wabaya waje wamtoe huruma moyoni. Ni mahali rahisi sana kupiga kelele. Judi anaita kwa sauti ya chini, halafu ghafla anashtuka kama aliyeguswa, anarudi nyuma. Kisha anajikaza, anarudi kuita tena. Mnaona? Anawaogopa anaowaita, na bado anawaita. Hapo ndipo nilipomwelewa huyu mwanamke, baada ya miaka yote niliyomchukulia kuwa katili tu.

Halafu ile ya kutembea usingizini. Ana mshumaa, anasugua mikono kutoa damu ambayo haipo. Shakespeare ameandika "oh" tatu tu, maneno ya kupita. Judi anazigeuza kilio kimoja. Kinaanza kama pumzi kutoka tumboni, kinapanda, kinakuwa chembamba kama uzi, na hakikatiki. Nilikuwa nimevaa spika za masikioni, ikabidi nisimamishe diski nivute pumzi.

Ndiyo maana sikushangaa kwamba alipata Oscar mwaka 1999 kwa kumcheza Malkia Elizabeth wa Kwanza kwa dakika zipatazo nane tu. Na hajaishia hapo. Mwaka 2012 alitangaza kwamba macho yanamwishia, hawezi tena kusoma muswada, watu humsomea naye anashika kwa kusikia. Pamoja na hayo, kwa filamu ya Belfast ya 2021 alitajwa tena kuwania Oscar, ana miaka 87. Mwenzenu nikilifikiria hilo nasisimka mwili.

Je, ununue? Kama unapenda uigizaji, au unafundisha fasihi, nunua bila kusita. Kiingereza chake ni kigumu, hilo nawaambia mapema. Mwenye Makbeth ya Kiswahili, tafsiri ya S. S. Mushi, aiweke mapajani, atafuata vizuri tu. Jambo la pili, DVD hugawanywa kwa kanda za dunia, na deki ya kanda moja huenda isisome diski ya kanda nyingine: diski za Uingereza kwa kawaida ni za kanda 2, na sisi huku Afrika Mashariki tuko kanda 5. Kabla hujalipa, hakikisha deki yako inasoma kanda zote.

Hii yangu siiazimishi mtu. Anayetaka kuiona aje nyumbani, tutazima taa tuangalie pamoja.