TAHADHARI: Grant ya 1922 "yenye nyota" ya yule mzee wa meza ya kona NI YA KUGONGA, msimpe hata senti

Wakuu habari za Jumapili. Mtanivumilia uandishi, bado nina hasira. Yule mzee wa meza ya kona kwenye maonesho ya sarafu, yule yule wa makasha ya bluu ambaye wote humu tumeshanunua kwake, anauza nusu dola za Grant zenye nyota (zile sarafu za fedha za kumbukumbu ya jemadari Grant, chache zina kanyota na ndizo za bei) na hiyo nyota imegongwa nje ya kiwanda. Kaigonga yeye, kagongewa na mwenzie, mi sijui na sijali, aliyepokea hela ni yeye. Kanipiga dola 650. Keshi.

Najua kuna watu wataanza na "si ungepima kwanza". Nilipima! Ndo maana naandika. Nilipima kila kitu tunachofundishana humu na kila kitu kikasoma vizuri, someni mpaka mwisho mtaelewa kwa nini.

Mnajua mimi nilianzia wapi. Nusu dola ya Booker T. Washington ya 1946, ile aliyoichora Isaac Scott Hathaway, mtu mweusi wa kwanza kuchora sarafu ya Marekani, ile ambayo nyuma imeandikwa kwamba huyu bwana katoka kibanda cha watumwa mpaka ukumbi wa watu mashuhuri. Watoto wetu hapa Ohio wanasoma hayo mambo darasani juu juu tu, ukimwekea mtoto ile sarafu mkononi anauliza maswali mpaka unachoka. Ndo nikataka Grant ikae pembeni yake, jemadari aliyewabana wale wa Kusini kwenye vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani mpaka jemadari wao Lee akasalimu amri Appomattox 1865, halafu kazaliwa hapa hapa Ohio, Point Pleasant, 1822. Nilitaka iwe tayari kwa ile meza ya watoto siku ya jumuiya, na yule mzee alikuwa anajua hilo kwa sababu nilimweleza kwa mdomo wangu. Kuna siku alijaribu kuniuzia Stone Mountain ya 1925, ile ya Lee na Jackson, majemadari wa Kusini, juu ya farasi, nikamwambia hiyo siiweki meza moja na Booker, akacheka akasema amenielewa. Kumbe alikuwa anasoma mtu.

Na msifikiri nilimwamini kwa sura. Alishaniuzia Columbian ya 1893, zile za maonesho ya Chicago, safi kabisa, bei ya kawaida. Akaniuzia Oregon Trail ya 1926 kwa bei ya chini kuliko wengine wote pale ukumbini, na ile niliipeleka kupimwa kwenye kampuni ya gredi, wale wanaokagua sarafu kama ni halali na kuipa daraja la ubora, ikarudi kwenye kasha lake na sili, gredi ile ile aliyoniambia yeye. Sasa mtu wa hivyo utamkataa kwa lipi? Mtu amekuuzia halali, umemhakiki, halali tena. Hicho kilikuwa chambo, na chambo cha gharama, alikubali kukosa faida kidogo huku ili aje anikamue kule.

Siku yenyewe ilikuwa jioni, watu wameanza kufunga meza. Ananiita kwa mkono, hajaipanga kwenye kioo, kaitoa mfukoni mwa koti ndani ya bahasha ndogo ya karatasi, akatandaza kitambaa cheusi akaiweka. Grant anaangalia kulia, na hapo mbele ya kifua chake juu ya jina GRANT kuna kanyota kadogo kamezama ndani ya chuma. Taa ya mezani aliinamisha upande mmoja, nakumbuka sana hilo, akaniachia lensi yake. Halafu akaanza darasa. Kwamba 1922 ilikuwa miaka 100 tangu Grant azaliwe, kwamba mchoraji ni Laura Gardin Fraser, mwanamke wa kwanza kuchora sarafu ya Marekani, yule aliyechora nusu dola ya Alabama ya 1921. Kwamba zile za dhahabu za dola moja zilitoka 5,000 na nyota na 5,000 bila nyota, na nusu dola nazo wakazitoa za nyota na zisizo na nyota, na nyota yenyewe haina maana yoyote, siyo kama sarafu ya Missouri ambayo alama ya 2 na nyota na 4 ni jimbo la 24. Wameiweka tu ili mkusanyaji anunue mbili badala ya moja. Nusu dola za nyota zilizobaki baada ya nyingine kuyeyushwa 4,256, zisizo na nyota 67,405. Nilikwenda kuhakiki baadaye, yote kweli! Hakunidanganya tarehe hata moja, hakunidanganya idadi hata moja, mtu anakupa ukweli mtupu dakika kumi nzima halafu uongo wake ni kitu kidogo kuliko punje ya mchele.

Nikatoa mizani yangu. Siyo yake, YANGU. Gramu 12.5, pale pale. Kipimo cha upana 30.6. Sumaku haishiki. Ukingo mistari imepangika vizuri. Nikaangalia nyumba ya nyuma, ile ya mbao chini ya miti, majani yapo, uzio upo. Yeye kakaa kimya ananiangalia, wala hakunikimbiza, akasema "chukua muda wako rafiki". Mtu mwizi si huwa ana haraka? Huyu hakuwa na haraka. Nikamuuliza mbona haina kasha la gredi, sarafu ya bei hii, akasema ilikuwa ya mjane mmoja, marehemu mume wake hakuamini hayo makampuni, na akiipeleka kupima bei itakuwa 900 na zaidi, ananipa mimi 650 kwa sababu ya wale watoto wa jumuiya. Alitaja watoto! Hapo ndo nikahesabu hela. Risiti akaandika "nusu dola ya Grant 1922" basi, neno nyota hakuliandika, nikaona ni uzee tu kalisahau.

Nikaituma kupimwa ili ipate kasha kama ile Oregon. Ijumaa ikarudi, bila gredi, kwenye kimfuko cha plastiki na karatasi inayosema imebadilishwa, nyota imeongezwa. Nilisoma ile karatasi nikiwa nimesimama mlangoni na bahasha nyingine mkononi, wife ananiuliza vipi, nikashindwa kumjibu. Aibu yake mi naijua, maana nilishaipiga picha nikawatumia humu na mkanipongeza, na mshkaji wa Dayton akaniambia nimpelekee na yeye kwa huyo mzee. Mkuu kama unasoma hii, USIENDE.

Sasa hapa ndo pa kuelewa. Sarafu yenyewe ni halali kabisa. Ni fedha asilimia 90, imetoka kiwanda cha Philadelphia 1922, Grant halisi, ila ni ile isiyo na nyota, ambayo ukizunguka mezani unaipata kwa mia na kitu. Mtu kachukua kipatasi chenye ncha ya nyota kapiga nyundo moja, mia na kitu imekuwa 650. Kwa hiyo mizani itakubali, sumaku itakubali, ukingo utakubali, vyote vitakubali kwa sababu vyote unavyopima siyo vya uongo. Sisi tumezoea tapeli wa Kariakoo wa sabuni kwenye boksi la simu, ukifungua tu unajua umelia. Huyu kakuuzia simu yenyewe inayowaka ila kabadilisha jina la modeli. Na ile sheria ya 1973 inayolazimisha nakala zipigwe neno COPY haikusaidii kitu, maana hii siyo nakala.

Mnaniuliza inajulikanaje. Geuza upande wa nyumba, tafuta sehemu iliyo mkabala na nyota kwa nyuma, kama imegongwa baadaye pale pamelala, pamekuwa bapa, kwa sababu ukipiga nyundo juu lazima chini pabanwe. Yangu panaonekana kabisa sasa hivi nikiiweka dirishani mchana, ila kwenye ile taa yake ya kuinamisha, na macho yangu yote yapo kwa nyota, hapakuonekana. Pia pembeni ya nyota yangu chuma kimeinuka kidogo ukipitisha mwanga kwa upande. Nyota yenye bei yake nunueni ikiwa ndani ya kasha la gredi na muhakiki namba kwenye tovuti ya kampuni yenyewe, linganisheni na picha kama ipo, maana na makasha nayo wanayaghushi na namba wanaiba za sarafu halali. Na risiti iandikwe NYOTA, kwa herufi. Mengine nitaongeza kichwa kikitulia.

Nilimpigia. Kwanza akajifanya hanikumbuki. MIMI! Mtu uliyeniuliza habari za watoto wangu! Nikamkumbusha, akasema risiti inasema Grant ya 1922 na nimepata Grant ya 1922. Kwa sauti ile ile ya upole. Hapo ndo nikajua hakusahau kuandika, alishapanga toka mwanzo. Nikamwambia nitarudisha sarafu anirudishie hela hata nikikosa ile ya kupimia na posta, akasema mauzo ya keshi hayarudishwi, akakata. Nimepiga tena, kaniblok. Nikapiga kwa namba ya wife, imeita mara moja, na wife naye kablokiwa.

Huyu mzee afungwe. Naongea nikimaanisha. Sheria ya Marekani inasema anayebadilisha sarafu kwa nia ya kudanganya anaweza kula mpaka miaka 5, na Secret Service waliundwa 1865 kwa ajili ya pesa bandia, sasa mi nataka nione kama kazi hiyo bado wanaifanya au wanalinda marais tu. Waandaaji wa maonesho nao wamuondolee meza, siyo kumpa onyo, MEZA IONDOKE, maana kwa kujiamini kule mimi siyo wa kwanza wala sitakuwa wa mwisho. Bahasha ile ya karatasi aliitoa kati ya nyingine kadhaa mfukoni, niliziona kwa macho yangu. Zile zingine ndani zina nini? Nani kaziuziwa? Watu wa kwetu wengi wameanza kununua hizi sarafu kwa sababu yetu sisi, tumewaambia ni historia, ni akiba, wekea mtoto, halafu jitu linakaa na taa yake linatusubiri.

Nimeshaandika malalamiko yenye picha za pande zote mbili, karatasi ya kampuni na risiti. Kama na wewe alikuuzia Grant yenye nyota, au Lafayette ya 1900 au Hawaii ya 1928 isiyo na kasha, maana hizo za bei kubwa nazo zinaghushiwa sana, itoe leo uiangalie mchana dirishani halafu niandikie inboksi na picha ya risiti. Jumatatu asubuhi napeleka, tukiwa wengi kwenye fomu moja hawezi kusema ni mteja mmoja mwenye kinyongo.