Kopo dogo la viungo vya Maesri na bagia za mahindi za Kithai: nimejaribu mara nne jikoni kwangu

Mimi Bangkok naenda kufuata nguo, sifuati chakula. Nashukia Pratunam, mtaa wa soko la nguo, hoteli ya kawaida tu karibu na lile jengo refu la Baiyoke. Saa moja asubuhi niko sokoni na daftari langu, ikifika saa tisa alasiri miguu imegoma. Hapo ndipo nilipozoea kuingia Phetchaburi Soi 7, uchochoro wenye msikiti wa Darul Aman. Ukiwa Muislamu katika mji ule, kabla hujauliza chakula ni kitamu au la, unajiuliza hili karai asubuhi limekaanga nini. Soi 7 hujiulizi. Unakaa kwenye kiti cha plastiki, unavua viatu chini ya meza, unakula.

Safari ya mwaka jana niliangukia mwezi wa kumi, wakati wao wana ile sikukuu ya kutokula nyama. Mji mzima bendera ndogo za njano zenye maandishi mekundu, na kila hatua mbili mtu anakaanga kitu cha mahindi. Nilivitamani siku nzima, nikajizuia. Jioni nikamkuta mama mmoja pale Soi 7, kajitanda mtandio wa kijani, naye anakaanga vilevile. Nikanunua vitano. Nikarudi nikanunua vitano vingine. Kesho yake nilienda na daftari, lile lile la kuandikia saizi za magauni.

Wenyewe wanaziita thot man khao phot. Khao phot ndiyo mahindi. Ile thot man inayojulikana zaidi ni ya samaki, inabonyea mdomoni kama mpira. Ya mahindi haina ubishi huo. Kwa jicho la Mswahili ni bagia, basi, ila bagia yenye makucha, maana kingo zake zinatawanyika kwenye mafuta na kuwa nyembamba kavu, na ndani punje bado zina maji yake.

Nilimwangalia mikono. Gunzi analisimamisha kwenye sinia, kisu kinashuka, punje zinadondoka kama meno. Zikishaisha anageuza kisu na kukwangua gunzi kwa mgongo wake, yale maziwa meupe yanayobaki yote yanaingia humo. Nusu ya punje anatia kwenye kinu, anaponda mara saba au nane, siyo kulainisha. Nusu anaacha nzima. Kisha majani ya ile ndimu yao yenye ganda la makunyanzi, ameyakunja na kuyakata mpaka yanakuwa kama uzi. Yai moja. Unga wa kukaangia wa Gogi, ule wa pakiti. Na kijiko cha kitu chekundu.

Hicho chekundu ndicho nilichokifuata. Nilijua ataniambia ameponda mwenyewe alfajiri, siri ya bibi yake. Akacheka, akaniashiria kuwa yeye hununua viungo vyekundu vilivyokwishapondwa, sokoni kwa kupima, vile vinavyolundikwa kwenye beseni kama kichuguu. Mimi msafiri akanivuta mkono mpaka duka la pili, la Muislamu mwenzetu, akanionyesha kopo dogo la Maesri, gramu 114, lina sura ya mwanamke. Bei haikufika baht 30. Nikachukua sita.

Sasa tuingie jikoni, Magomeni.

Mara ya kwanza nilitumia mahindi ya kuchoma. Nilimwambia dada wa kazi aniletee mahindi mabichi, akaleta yale ambayo muuzaji wa kona anayaita mabichi kwa sababu hayajavuliwa majani. Nikafuata kila kitu kama daftari linavyosema. Zilivyotoka, mume wangu alitafuna moja kwa muda mrefu kidogo, akasema "Mama, hii ni kokoto ya Kithai." Na kabla ya hapo zilikuwa zimeshatuchapa. Punje nzima ya mahindi ikipata mafuta ya moto hupasuka, na ikipasuka inakurushia mafuta. Nina alama kwenye kiganja cha kushoto mpaka leo.

Kaka yangu ni bwana shamba Morogoro. Nilimpigia kulalamika, akanicheka. Akasema yale ya mitaani Bangkok ni mahindi matamu, yamezaliwa na kasoro ya kurithi inayoyafanya yachelewe kugeuza sukari kuwa wanga. Ya kwetu ya ugali yana haraka, leo maziwa, wiki ijayo unga. Akaniuliza kama nimewahi kufika Pak Chong, njia ya kwenda Nakhon Ratchasima, kwenye shamba la Suwan la Chuo Kikuu cha Kasetsart, watu husimamisha magari kununua mahindi ya kuchemsha na maziwa ya mahindi. Nikamwambia mimi naishia Pratunam. Akaendelea kunisomesha, eti kuna mbegu ya Suwan-1 iliyotoka huko miaka ya 1970 na watafiti wengi wa Afrika wameichukua kuzalishia mbegu zao. Kwa hiyo, anasema, huenda nusu ya hayo mahindi unayoyatukana ni ndugu zao. Haya.

Mara ya pili, mahindi matamu ya kopo. Haya nayo yana lake. Yanaogelea kwenye maji yenye sukari, na hata ukiyachuja kwenye chujio nusu saa bado unga unalowa. Nikaongeza unga, nikaongeza tena, mwisho nikapata maandazi yenye punje tatu tatu. Watoto walizipenda. Watoto wanapenda andazi lolote.

Mara ya tatu nilitaka kubana matumizi. Kopo za Maesri nikazificha, nikanunua viungo vyekundu vya Kithai kwenye supamaketi moja mjini, jina nalihifadhi. Kichupa kizuri, kifuniko cha dhahabu, bei ambayo Bangkok ningepata makopo manane. Kufungua, harufu ya siki na rangi ya tomato. Mchaichai wenyewe nilikuwa nao uani, ungeninukia kuliko kile kichupa kizima. Nikarudi kuuliza, kijana wa pale akageuza chupa, tarehe bado, akasema "Mama, wazungu wanaichukua sana." Sina ugomvi naye. Lakini kama umewahi kuonja bagia zilizotiwa viungo vya kichupa kile ukadhani ndiyo Uthai, hujaonja.

Ndiyo maana naandika haya kuhusu kopo. Ukilifungua Maesri, kwanza linakupiga mchaichai, halafu kitunguu saumu, halafu kile kikali cha khulinjani ambacho pwani tunakijua kwenye vikombe vya kikohozi, na nyuma kabisa ganda la ile ndimu. Pilipili inakuja mwisho na inakaa. Ni zito, halimwagiki, unalichota kama tende iliyopondwa. Kwa vikombe viwili vya mahindi kijiko kimoja cha chakula kinatosha, cha kufuta juu, siyo cha kulundika. Nilipolundika, wifi yangu alikunywa maziwa ya mtindi vikombe viwili na hakuongea na mimi mpaka Isha. Kwa hesabu hiyo kopo moja linatoa mapishi sita. Likishafunguliwa usiliache ndani ya bati, hamishia kwenye chupa ya kioo, mimina mafuta kidogo juu, weka kwenye friji. Langu limekaa wiki tatu halijabadilika. Viungo hivi vya Kithai vimeshatiwa chumvi, kwa hiyo chumvi yako iache kabatini.

Kama ni nyota, kopo nalipa nne na nusu. Hiyo nusu nimeinyima kwa sababu maandishi ya kiwango cha kutumia ni ya mchuzi wa nazi tu, bagia inabidi ujitafutie.

Mara ya nne nilijitafutia. Nilienda mwenyewe Ilala alfajiri, nikawa nabonyeza punje kwa ukucha mbele ya muuzaji mpaka akanuna. Hindi linalofaa linaruka maziwa meupe. Likitoa kitu kama uji, umeshachelewa, lichome. Nikapata nane. Punje nikazitoa kama yule mama, nikakwangua magunzi kwa mgongo wa kisu, nikaongeza kijiko cha chai cha sukari kufidia utamu ambao letu halina. Nikaponda zaidi ya nusu, kama theluthi mbili, na hapo ndipo milipuko ilipokoma, punje iliyoshapasuliwa haina cha kupasuka. Majani ya ndimu yao hatuna, nikachuma machanga ya mdimu wa jirani, nikatoa ule mshipa wa katikati, nikayakata uzi. Harufu inafika nusu ya njia, si mbaya. Gogi nayo sikuipata, nikatia unga wa mchele vijiko sita vya chakula na wa ngano viwili, yai moja, maji ya baridi ya friji kidogo sana. Rojo liwe kidogo mpaka uone aibu. Likionekana halitoshi kushika mahindi, hapo limetosha. Nikiona limelegea najua nimerudi kwenye maandazi.

Mafuta ya alizeti, karai lenye kina, moto wa kati. Unadondosha punje moja kupima, ikizama na kurudi juu ikiimba, anza. Vijiko viwili, kimoja kinachota, kingine kinasukuma, na unasukuma karibu na mafuta, usirushe. Kisha mikono nyuma. Mimi nina ugonjwa wa kugeuzageuza, na bagia hii ukiigusa kabla haijajishika inatawanyika karai zima. Subiri mpaka kingo zigeuke rangi ya asali, geuza mara moja. Tano tano kwa mkupuo. Ukijaza karai mafuta yanapoa na bagia inayanywa.

Zikatoka na makucha! Nilimwita dada wa kazi aje aone.

Pembeni kuna kile cha matango. Tango unalikata robo robo jembamba, kitunguu kidogo chekundu, pilipili mbichi, halafu siki na sukari umechemsha mpaka vimeshikana, vimepoa, unamimina juu. Yule mama alipokitaja, ajat, nilicheka mpaka akanishangaa. Si achari hiyo! Neno limepitia Bara Hindi likapanda majahazi, wao likawafikia na sisi likatufikia, wao wakatia tango, sisi tukatia embe na ndimu. Nilijaribu bagia zile na achari yangu ya embe ya Unguja na siwezi kusema ilikuwa mbaya, ila inameza ile harufu ya mchaichai. Matango yanaiacha ipumue.

Wifi alikuja Ijumaa, safari hii nimefuta kijiko. Alikula sita akiwa amesimama mlangoni, anasema anaondoka. "Wifi, hizi za biashara hizi," akaniambia. Nikamwambia kopo zimebaki mbili, biashara gani ya kopo mbili. Tangu siku hiyo kila nikitaja safari ananiuliza tarehe.

Hilo la kopo kubaki mbili lina habari yake, na mwenye safari anisikilize. Niliposema nilinunua sita, tatu nilizitia kwenye mzigo mkubwa pamoja na nguo na tatu kwenye mkoba, nikiogopa zisije zikapasuka zikachafua magauni ya watu. Suvarnabhumi, uwanja wa ndege wa Bangkok, kwenye ukaguzi yule dada wa glavu alizitoa moja moja, akazipanga mezani, akanionyesha bango. Kitu kizito kama hicho wanakihesabu pamoja na vimiminika, mwisho mililita 100 kwa chombo. Kosa langu, bango lilikuwa kubwa. Zile tatu za kwenye nguo zilifika Dar zikiwa nzima kabisa, bati halikubonyea hata moja. Kwa hiyo makopo yatie begi la chini, yafunge ndani ya jinzi, na majani ya ndimu usijisumbue kuyabeba.