Sarracenia purpurea ya dukani: mmea mzuri, maelezo mabovu

Kwenye maduka ya bustani ya Ulaya na Amerika Kaskazini, mmea huu mla wadudu huuzwa ndani ya kopo la plastiki la sentimita 9, mara nyingi ukiwa umefunikwa kikombe cha plastiki kinachopitisha mwanga. Kikombe hicho kivue siku hiyohiyo, maana kinazuia hewa na kuleta ukungu. Kosa kubwa zaidi liko kwenye kikaratasi cha maelezo, ambacho mara nyingi huuita mmea wa ndani. Sio.

Jina lake linaelekeza vizuri kuliko kikaratasi. Limetokana na Michel Sarrazin, mzaliwa wa Burgundy, Ufaransa, mwaka 1659, aliyefika Quebec, Kanada, mwaka 1685 akiwa daktari wa upasuaji wa jeshi la majini la Ufaransa. Mwaka 1694 alirudi kwao kusoma, akapata shahada ya udaktari Reims mwaka 1697, na mimea akafundishwa na mtaalamu wa mimea Tournefort mjini Paris. Kisha akarejea Quebec: huku wagonjwa wa hospitali ya Hôtel-Dieu, huku kupasua wanyama kama biva ili kueleza viungo vyao, huku kutuma mimea Paris. Mei 1700 alimkata titi mtawa Marie Barbier aliyekuwa na saratani, zama ambazo dawa ya ganzi haikuwapo. Mtawa akaishi miaka 39 zaidi. Mmea huu wa mitungi (ndivyo majani yake yalivyo kwa umbo) aliotuma, Tournefort aliupa jina la Sarrazin, na Linnaeus, mwanasayansi wa Sweden aliyepanga majina ya mimea, akalibakiza mwaka 1753. Homa ndiyo iliyomuua Sarrazin, Quebec, mwaka 1734.

Kwa hiyo unachonunua ni mmea wa kinamasi cha Quebec: jua tele, maji yasiyo na chumvichumvi, baridi ya miezi.

Maji ndiyo huua mimea mingi. Ya bomba yana chokaa. Hujikusanya kwenye udongo, kingo za mitungi hukauka rangi ya kahawia, mizizi ikaoza. Tumia ya mvua au yaliyokenekwa, na kopo likae ndani ya kisahani chenye maji ya kina cha sentimita 2 hivi. Wakati wa baridi punguza, udongo ubaki na unyevu tu.

Udongo: piti (mboji ya kinamasi) isiyo na mbolea kwa perlaiti (chembe nyeupe nyepesi za mawe ya volkano), nusu kwa nusu. Udongo wa bustani hapana, mbolea hapana, chungu cha udongo wa kufinyanga nacho hapana, kinahifadhi chumvi. Badilisha udongo kila miaka 2 au 3, mwishoni mwa baridi kabla machipukizi hayajaanza.

Jua saa 6 kwa siku au zaidi, nje. Mitungi iliyobaki kijani kibichi bila michirizi ya zambarau inadai jua. Usiilishe nyama, itaoza na mtungi utakufa nayo. Kifuniko chake kimesimama wima, mvua inaingia, mdudu anateleza kwenye vinyweleo vinavyoelekea chini na kuzama. Kule porini hata viluwiluwi vya mbu wa aina ya Wyeomyia smithii huishi humo ndani na kula vijidudu vinavyoozesha mizoga ya wadudu (na mbu hao, huko kaskazini, hawaumi watu!).

Novemba hadi Februari mmea ulale kwenye nyuzi 0 hadi 7 za selsiasi, barazani au kwenye chumba kisicho na hita. Mitungi mingine itakauka. Kata iliyonyauka yote, usiutupe mmea. Unaowekwa karibu na hita huendelea kukua bila kupumzika, ukachoka, na mwaka wa pili mara nyingi haufiki mbali.

Bei yake ni halali, mradi uwe na mahali pa kuulaza. Msomaji wa Mombasa au Dar es Salaam asijisumbue: baridi hiyo hana, na kuvusha Sarracenia mipaka kunadai kibali cha CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya mimea na wanyama walio hatarini.