Nilikaa zaidi ya saa nzima, nikaambiwa wakati haukupita

Naandika nikiwa bado na hasira, kwa hiyo mnisamehe mapema.

Kwa asiyeijua dini hii ya Wakati: haina mtume wala kitabu cha kale, na wenyewe hawafichi kwamba wameitunga. Hilo halikunisumbua hata kidogo. Mimi nilifuata taamuli yao, wanayoiita kuketi bakuli. Katikati ya chumba kuna beseni la maji, na juu ya maji linaelea bakuli la shaba lenye tundu dogo kitakoni. Maji yanalijaa taratibu mpaka linazama na kugonga chini ya beseni: ti! Hapo wote mnasema "umepita", mnainuka. Saa na simu mnaziacha mlangoni. Sharti ni moja tu, huinuki kabla bakuli halijazama.

Na bakuli si uvumbuzi wao. Wahindi walipima wakati hivyo kwa karne nyingi, bakuli moja dakika 24, mabakuli 60 usiku na mchana. Hawa wamechukua hesabu ileile: ukiketi mabakuli 60 umetimiza "siku", na unaruhusiwa kuketi peke yako. Mwanzoni nilicheka, miezi chungu nzima kutafuta siku moja! Baadaye nikaacha kucheka, maana nilikuwa nimeanza kulala vizuri.

Jioni ninayoisema nilikuwa na 59.

Ukishaketi mara 59 mwili unajua wenyewe. Mguu wangu wa kushoto hufa ganzi kwanza, halafu wa kulia unaanza kuwaka, na ukianza kuwaka najua bakuli limebakiza ukingo mwembamba kama kucha juu ya maji. Siku hiyo wa kushoto ukafa, wa kulia ukawaka, nao ukafa. Kimya. Nikafumbua jicho moja. Bakuli linaelea jepesi kama ndiyo kwanza limewekwa, ndani yake maji hayajafunika hata kitako, na pale penye tundu pana ukoko mweupe kama ule wa ndani ya birika. Chokaa. Bakuli la ibada, halijasuguliwa sijui tangu lini!

Nikainua mkono. "Samahani, mlinzi, tundu limeziba."

Mlinzi wa bakuli hakufumbua hata macho. "Ndugu, bakuli halina haraka. Mwenye haraka ni wewe."

Kuna aliyecheka nyuma yangu. Nikanyamaza, uso unanichoma. Nilipoketi, mwanga wa jua ulikuwa kwenye mkeka wangu; nikautazama ukipanda ukutani polepole, ukawa mwembamba, ukazimika. Mtu akawasha taa. Ndipo mlinzi akaliinua bakuli, akaligeuza, akalifuta kwa kitambaa kama mtu anayefuta sahani, akasema, "Leo basi."

Haya, hayo ningeyasamehe. Vitu huharibika. Lakini likaja daftari. Mbele ya jina langu, pale panapowekwa alama, akachora duara tupu.

"Hii nini?"

"Hukuketi."

"Zaidi ya saa nzima?"

"Bakuli halikuzama. Wakati haukupita."

Nikamwambia nje kumeingia giza. Akafunga daftari. "Giza si letu."

Jamani! Hata jua liliposimama katika kitabu cha Yoshua, sababu ilikuwa vita. Letu limesimamishwa na chokaa. Wahenga walisema wakati ni ukuta, ukipigana nao utaumia mwenyewe. Mimi sikupigana na mtu, nilikaa tu kama nilivyoambiwa, na nikaumia magoti yote mawili. Kule Irani wakulima waligawana maji ya mashamba kwa bakuli la namna hiihii, na palikuwa na mtu kazi yake kulikodolea macho, kwa sababu likidanganya shamba la mtu linakauka. Huyu wetu anafumba macho halafu anamfokea aliyefumbua. Siki kidogo na mswaki mkuukuu, kazi kwisha.

Kwa hiyo msiende. Hilo ndilo nilitaka kusema, na nyota moja nilishaiweka.

Ila kuna kitu, na kinanikera kukiandika. Mwanga ulipokuwa karibu kuzimika, hasira yenyewe ilichoka. Si kwamba nilisamehe, nilichoka tu. Nikagundua kwamba mara zote 59 nilikuwa nimeketi nikisubiri ile ti. Hata nilipokuwa nimetulia, sikio lilikuwa kwenye beseni. Sasa ti haiji, na sikio likakosa kazi. Nikasikia maji yakigusa ubavu wa bakuli, sauti ndogo sana, na sijui hali hiyo ilidumu kiasi gani. Sijawahi kuipata tena. Sitaki mlinzi asome hapa akasema "umeona?", kwa sababu hakunifundisha yeye, limenifundisha bakuli bovu. Lakini haki ni haki, nikaongeza nyota ya pili.

Nyumbani nimetoboa bakuli langu la bati. La kwanza tundu lilikuwa kubwa, likazama sijamaliza hata kukunja miguu. La pili linakwenda vizuri, ingawa maji yakiwa ya baridi linachelewa kidogo. Nikaketi nalo mara moja, nikaandika 60 kwenye daftari langu mwenyewe, nikaona yamekwisha.

Juzijuzi mlinzi ameniandikia, kwa upole kabisa, kwamba nafasi yangu ipo, nirudi nikamalizie bakuli moja lililobaki. Nikajibu kwamba 60 nilishatimiza.

Jibu lake lilikuwa neno moja: "Lini?"

Nyota ya pili nimeiondoa.